Bibi Aliyemo Ndani ya Goku

Masako Nozawa, mama wa Kijapani anayemtia sauti Goku, shujaa wa katuni ya Dragon Ball, ni mwigizaji kamili. Hili nimeshalisema sana, na leo nalisema tena kwa sababu bado kuna watu wananiambia, "Mwalimu, huyo mama anabana koo tu." Anabana koo! Haya, nendeni nyumbani mkabane zenu, tuone kama atatoka Goku.

Nozawa alizaliwa Tokyo mwaka 1936. Aliigiza kwenye filamu tangu utotoni, kisha akapita jukwaani. Kazi ya sauti ilimkuta televisheni ya Japani ilipokuwa ikionyesha vipindi vya kigeni na kuvitia sauti za Kijapani papo hapo, hewani. Hakuna kurudia, ukikosea, nchi nzima imesikia. Mtoto utamwaminije hapo? Wavulana wakaigizwa na wanawake watu wazima. Najua kuna atakayeuliza: mbona siku hizi kila kitu kinarekodiwa, na bado ni wanawake? Kwa sababu mvulana akibaleghe sauti inakuwa nzito, na kipindi hakimsubiri. Nozawa alianza na Goku Februari 1986. Goku akakua, akaoa, akazaa, sauti ni ya mama yuleyule.

Sasa hapa nisikilizeni. Kwa desturi, katika studio za Japani waigizaji huingia chumba kimoja, skrini mbele yao, maikrofoni 3 au 4 kwa wote. Zamu yako inapokaribia unainuka na karatasi zako mkononi, unanyata hadi kwenye maikrofoni, unasema, unampisha mwenzako. Karatasi ikichakacha tu, mnarudia.

Basi kwenye Dragon Ball Z, mwendelezo wa Dragon Ball, Nozawa ni Goku, ni Gohan mwanawe wa kwanza, na ni Goten wa pili. Wakati mwingine baba na wana wanaongea wao kwa wao. Mnadhani anamaliza Goku, anakunywa maji, halafu anamrudia Gohan? Thubutu! Mwenyewe amesimulia kwamba huwasema mfululizo: akiiona sura kwenye skrini, ameshakuwa huyo. Tena wasikilizeni vizuri. Gohan ana adabu, mama yake anamtaka awe msomi. Goku anaongea kishamba, amelelewa milimani na babu. Koo ni moja, mtu ndiye anayebadilika. Kama huo si uigizaji, basi na wa jukwaani tuuite kupiga kelele.

"Lakini ni katuni za watoto." Nilijua mtafika huko. Mwaka 1968 alikuwa Kitaro, yule mtoto wa mazimwi. Mwaka 2018 hadithi hiyo iliporudi kwenye televisheni, akapewa baba yake Kitaro, jicho linalotembea kwa miguu miwili. Miaka 50, kutoka mwana hadi baba! Mwigizaji gani wa filamu zenu za watu wazima amepata nafasi kama hiyo?

Muda unanikimbia. Malipo niliyaandalia nusu ya mhadhara, lakini chukueni hili tu: kwa kiwango cha chama cha waigizaji, chipukizi hulipwa yeni 15,000 kwa kipindi cha nusu saa, aseme neno moja au aseme mwanzo hadi mwisho. Pigeni hesabu ya kodi ya chumba Tokyo. Na suala la akili mnemba kuiga sauti zao bila ruhusa, ambalo mwaka 2024 liliwafanya waigizaji mashuhuri watoke hadharani kulipinga, linataka jioni yake. Haya, maswali.