Kanuni ya Mnyonge Mikononi mwa Mwenye Nguvu: Mhadhara kuhusu Sera ya Nje ya China tangu 1949

Mheshimiwa Mwenyekiti, walimu wenzangu, na ninyi wanafunzi mliobanana mpaka mlangoni, nawashukuru kwa kuja.

Mtu akialikwa kuzungumzia China na dunia, hutarajiwa aanze na reli, bandari na madeni. Mimi naomba nianze na waraka mmoja mfupi. Tarehe 29 Aprili 1954 China na India zilitia saini mapatano kuhusu biashara baina ya India na Tibet, jambo ambalo leo ni wachache wanaolikumbuka. Utangulizi wa mapatano hayo, hata hivyo, ulibeba kanuni tano: kuheshimiana mipaka na mamlaka, kutoshambuliana, kutoingiliana mambo ya ndani, usawa na manufaa kwa pande zote, na kuishi pamoja kwa amani. Hadi leo kanuni hizo zimo katika utangulizi wa katiba ya China. Hoja yangu jioni hii ni kwamba zilitungwa na dola iliyokuwa dhaifu, kama ngao, na kwamba ugumu mkubwa wa sera ya nje ya China sasa unatokana na ngao hiyo kubaki mikononi mwa dola isiyo dhaifu tena.

Udhaifu huo haukuwa wa kufikirika. Baada ya Vita vya Afyuni vya 1839 hadi 1842, China ililazimishwa kuikabidhi Uingereza kisiwa cha Hong Kong na kufungua bandari tano kwa wafanyabiashara wa kigeni; miaka michache baadaye raia wa Uingereza, Marekani na Ufaransa waliokosea katika ardhi ya China walihukumiwa kwa sheria za kwao. Hata idara ya forodha ya nchi hiyo iliongozwa kwa miongo kadhaa na Mwingereza, Robert Hart. Kwa hiyo Mao Zedong alipotangaza Jamhuri ya Watu tarehe 1 Oktoba 1949, neno mamlaka lilikuwa na uzito ambao sisi, tuliotawaliwa pia, hatuna haja ya kufafanuliwa.

Mwanzoni, Beijing iliamua kuegemea upande mmoja. Mkataba na Muungano wa Kisovieti ulitiwa saini Februari 1950, na Oktoba ya mwaka huohuo majeshi ya China yakaingia vitani Korea kupambana na Wamarekani. Miaka mitano baadaye, katika mkutano wa Bandung wa Aprili 1955 uliozikusanya nchi 29 za Asia na Afrika, Zhou Enlai, waziri mkuu wa China, alikuta wajumbe wengi wakiushuku ukomunisti waziwazi. Akagawa hotuba aliyokuwa ameiandaa isomwe, kisha akasimama na kutoa nyingine, akisema kwamba ujumbe wake umekuja kutafuta umoja, haukuja kugombana, na kwamba tofauti za itikadi zinaweza kuwekwa kando. Kwangu mimi hiyo ndiyo saa diplomasia ya China ilipopata sauti yake.

Lakini tusiwe wepesi wa kusifu. Kanuni ya kutoingilia ilivuja tangu mapema. Katika miaka ya 1960 China ilivisaidia vyama vya kikomunisti vilivyopigana na serikali za Burma na Malaysia, ambayo kwa kipimo chochote ni kuingilia. Urafiki na Moscow ulivunjika: wataalamu wa Kisovieti waliondolewa mwaka 1960, na Machi 1969 askari wa nchi hizo mbili waliuana katika kisiwa cha Zhenbao, kilichoko mpakani mwao. India, mshirika wa zile kanuni tano, ilikwisha kupigana na China mpakani mwaka 1962. Wakati wa Mapinduzi ya Utamaduni, kampeni ya Mao ya kuwasaka aliowaona maadui wa mapinduzi, mabalozi wote wa China waliitwa nyumbani isipokuwa mmoja tu, Huang Hua, aliyebaki Cairo. Fikirini taifa kubwa namna hiyo likiwa na balozi mmoja duniani!

Hapo ndipo Afrika inapoingia katika simulizi hii, na inaingia kwa uzito. Mwanzoni mwa 1964, akiwa ziarani barani humu, Zhou alitangaza kanuni nane za misaada, na mwaka 1965 Mwalimu Nyerere alikwenda Beijing. Reli kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, yenye urefu wa kilomita 1,860, ilijengwa kwa mkopo usio na riba na kukabidhiwa mwaka 1976. Tanzania na Zambia zilihitaji njia ya kupitisha shaba bila kutegemea Rhodesia na bandari zilizokuwa chini ya Wareno na Makaburu. China nayo ilihitaji kutambuliwa, kwa kuwa kiti chake katika Umoja wa Mataifa kilikuwa bado kinakaliwa na serikali ya Taiwan. Tarehe 25 Oktoba 1971 azimio 2758, lililoipa Beijing kiti hicho, lilipita kwa kura 76 dhidi ya 35, na Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi zilizoliwasilisha. Balozi wetu, Salim Ahmed Salim, alishangilia ukumbini kwa namna ambayo Wamarekani hawakuisahau: mwaka 1981, alipogombea ukatibu mkuu wa Umoja wa Mataifa, Marekani ilimzuia kwa kura ya turufu, huku China ikimzuia Kurt Waldheim, katibu mkuu wa wakati huo, duru baada ya duru, mara 16. Nani atasema fadhila haina nafasi katika siasa za dola?

Ujio wa Rais Nixon wa Marekani mjini Beijing mnamo Februari 1972 mnaujua, nami nitaupita. Itoshe kusema kwamba hofu ya Moscow ilimsogeza Mao kwa Wamarekani kuliko hoja yoyote ya itikadi. Deng Xiaoping, aliyeshika usukani kuanzia Desemba 1978, aliachana na kusafirisha mapinduzi, ingawa Februari 1979 aliivamia Vietnam kwa majuma kadhaa, na ngao ikavuja tena. Baada ya umwagaji damu wa Juni 1989, jeshi lilipowapiga risasi waandamanaji mjini Beijing, na vikwazo vilivyofuata, shauri lake kwa warithi wake lilikuwa kuficha makali na kuvuta subira. Subira hiyo ililipa: Desemba 2001 China ikaingia katika Shirika la Biashara Duniani, na kufikia 2010 uchumi wake uliupita wa Japani.

Mwenye mali mbali na nyumbani hulala jicho moja wazi. Mwaka 2011 Libya iliposambaratika, China ililazimika kuwaondoa raia wake zaidi ya 35,000 kwa meli na ndege, zikiwemo za kijeshi. Manowari zake zilikuwa tayari zinawinda maharamia katika Ghuba ya Aden tangu mwishoni mwa 2008, na mwaka 2017 ikafungua kambi Djibouti, yake ya kwanza ya kijeshi nje ya nchi. Reli ya Mombasa hadi Nairobi, iliyozinduliwa mwaka huohuo, ilijengwa kwa mikopo ya benki yake ya Exim, na mikopo hiyo ina riba. Anayeifananisha na ile ya Nyerere na Kaunda anachanganya mgeni aliyekuja kutafuta rafiki na aliyekuja pia na daftari. Silaumu daftari, ila lazima lisomwe. Na Julai 2016, jopo la usuluhishi mjini The Hague lilipoipa Ufilipino haki katika shauri la Bahari ya China Kusini, Beijing, iliyoridhia mkataba wa kimataifa wa sheria ya bahari mwaka 1996, ilikataa hukumu hiyo. Hapo mamlaka yalikuwa yake. Ya jirani yalisubiri.

Mtihani mgumu zaidi ulikuja Ukraine. Tarehe 4 Februari 2022 Xi Jinping na Vladimir Putin walitangaza urafiki usio na mipaka. Tarehe 24 Urusi ikavamia. Tarehe 2 Machi, Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa lilipolaani uvamizi huo kwa kura 141, China haikuunga mkono wala kupinga, sawa na Tanzania na Uganda, huku Kenya ikiunga mkono. Mwaka mmoja baadaye Beijing ilitoa waraka wa mapendekezo 12 kuhusu vita hiyo. Pendekezo la kwanza ni kuheshimu mamlaka ya nchi zote, maneno yaleyale ya 1954. Waraka huo hauyataki majeshi ya Urusi yaondoke. Naishia hapo, Mheshimiwa Mwenyekiti, na niko tayari kwa maswali.