Sauti ya William S. Hart

Ndugu zangu, asanteni kwa kuja. Zikitajwa sinema bubu za kauboi, wengi humkumbuka Tom Mix, yule wa kofia kubwa na mavazi ya kumetameta. Mimi leo nimekuja kumsemea mzee mwingine, William S. Hart.

Nasema mzee kwa makusudi. Hart alizaliwa mwaka 1864 huko Newburgh, New York. Alipoingia kwenye filamu California mwaka 1914, chini ya mtayarishaji Thomas Ince, alikuwa anakaribia miaka 50. Kabla ya hapo alikuwa mtu wa jukwaani. Tamthilia ya Ben-Hur ilipofunguliwa Broadway, mtaa wa majumba ya tamthilia jijini New York, mwaka 1899, ndiye aliyecheza Messala, yule adui. Hebu fikirieni: mtu aliyeizoeza sauti yake imfikie hata aliyekaa kiti cha nyuma kabisa, anahamia kwenye kazi isiyohitaji sauti!

Alibaki na uso. Mtazameni kwenye Hell's Hinges ya mwaka 1916. Yeye ni Blaze Tracy, jambazi anayetakiwa kumtimua mchungaji aliyehamia kwenye mji wa walevi. Anamwona dada wa mchungaji, basi, anasimama. Hakodoi macho, hashiki kifua. Uso ule mrefu, mkavu kama ubao, unalegea kidogo tu, nawe unajua kwamba huyu bwana kashageuka. Mwishoni anauteketeza mji kwa moto. Kwangu mimi hapo ndipo stelingi wa kauboi alipopata dhamiri: mtu mbaya anayetubu, nguo zimejaa vumbi, chini yake Fritz, farasi mdogo wa mabaka.

Miaka ya 1920 watazamaji walitaka mbio na mbwembwe, na Mix alikuwa nazo. Hart hakukubali kubadilika. Mwaka 1925 akatoa Tumbleweeds, inayohusu watu waliokimbilia ardhi ya Cherokee Strip huko Oklahoma, kisha akawashtaki wasambazaji wake, kampuni ya United Artists, akidai hawakuisambaza ipasavyo. Hakuigiza filamu nyingine. Akatulia kwenye shamba lake Newhall, ambalo aliliacha kwa wananchi wa Los Angeles alipofariki mwaka 1946.

Lakini mwaka 1939 Tumbleweeds ilirudishwa majumba ya sinema, na mwanzoni mwake wakaongeza dakika chache za Hart akizungumza. Ana miaka 74, amevaa kikauboi, amesimama vilimani. Fritz amekufa mwaka mmoja tu nyuma. Anaongea kama mtu wa jukwaani, polepole, kila neno analipa nafasi yake: upepo unaochapa usoni, kishindo cha kwato. Anapofika kwa yule farasi, sauti inatetemeka, na sioni kwamba anaigiza.

Nimewaletea kipande hicho. Naomba taa zizimwe tumsikilize.