Ukiweka mafaili yako klaudi yanakaa wapi? (Mazungumzo na wafanyabiashara na vijana, Mwanga, Kigoma)

Asanteni sana ndugu zangu, sogeeni mbele kidogo huku. Najua waliotoka Ujiji na Kibirizi wameacha biashara zao, kwahiyo naenda moja kwa moja.

Klaudi ni kompyuta za watu wengine ambazo unazitumia kupitia intaneti, basi. Ziko kwenye majengo makubwa yenye majenereta, mitambo ya kupoza na walinzi, na wewe unapangishwa nafasi humo kama mtu anavyokodi kona ya ghala badala ya kujenga la kwake. Amazon walianza kukodisha hivi 2006. Baadhi ya majengo hayo yako hapa hapa Afrika, Microsoft walifungua ya kwao Johannesburg na Cape Town 2019 na Amazon wakaja Cape Town 2020. Na msidhani ni habari ya matajiri, kama una Gmail au unafanya bekapu ya WhatsApp tayari umo.

Faida yake nitawaonesha kwa dagaa. Mama ananunua Kibirizi anatuma Dar, hesabu ziko kwenye daftari, daftari linalowa, na mwanae kule Dar kila siku anapiga simu kuuliza magunia mangapi. Sasa akiandika kwenye Google Sheets, yaani daftari la hesabu la klaudi ambalo watu wawili wanaweza kulijaza kwa pamoja, asubuhi akijaza yaliyopakiwa kijana anaona hapohapo, anajaza yaliyofika na nani hajalipa. Simu ikitumbukia ziwani ananunua nyingine, anaingia na akaunti ileile, wadaiwa wote wapo. Simu imekufa, deni halijafa! Na Google wanakupa GB 15 bure, ila zinagawana baruapepe, picha na mafaili, zikijaa unalipia kila mwezi, na hapo ujipange maana malipo hayana mwisho.

Ubaya wake sasa. Bila mtandao huna kitu. Mnakumbuka Mei 2024 nyaya za baharini zinazotuletea intaneti, za EASSy na SEACOM, zilipata hitilafu, nchi nzima tukahangaika? Ndo maana nasema faili la muhimu liwekee alama ya kufunguka bila intaneti, unaandika bila bando na mtandao ukirudi linajisasisha lenyewe.

Halafu majengo nayo yanaungua. Machi 2021 kule Strasbourg, Ufaransa, kituo cha OVHcloud kilishika moto, jengo moja likateketea lote, na kuna wateja ambao hawakuwa na nakala sehemu nyingine, data zao zikaenda moja kwa moja. Kwahiyo ya klaudi iwepo na ya kwenye flashi iwepo. Na wenye shule na maduka ya dawa, mnapopandisha taarifa za watu mjue tuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, huwezi kuzipeleka nje ya nchi unavyotaka tu.

Lakini kinachoniuma kuliko hayo yote kiko hapahapa mtaani. Kijana anataka kuomba ajira au mkopo wa chuo, anaenda steshenari, jamaa anamfungulia Gmail kwa namba yake yeye mwenye steshenari, paswedi anaitunga yeye, anaiandika kwenye kikaratasi, vyeti vinapandishwa humo. Kikaratasi kinapotea. Siku umeitwa kwenye usaili unataka vyeti vyako, akaunti inasema tumekutumia kodi, yaani namba za kuthibitisha kuwa ni wewe, sio kodi ya nyumba, na kodi imeenda kwa jamaa na jamaa kashahamia Kasulu! Vyeti vipo, havijapotea, ila wewe mwenyewe huwezi kuvifikia. Na akaunti ya Google ikikaa miaka miwili bila kuguswa wanaweza kuifuta. Jamani, leo kabla hujalala ingia kwenye akaunti yako uangalie namba iliyowekwa ni ya nani, kama sio yako badilisha wakati bado inafunguka.

Mama yangu pale nyuma ameuliza, yeye ana kitochi, afanyeje? Swali zuri sana mama. Endelea na daftari lako, usiliache. Ila kila Jumamosi mwambie mjukuu apige picha kurasa za wiki hiyo kwa simu yake, azipandishe kwenye akaunti yenye jina lako na laini yako wewe, maana ile kodi inakuja kwa meseji ya kawaida na kitochi kinaipokea vizuri tu.