Mikorosho ya Baba, Ardhi ya Mama: Katiba na Mila za Kusini

(Mhadhara uliotolewa Mtwara mjini, kusini mwa Tanzania)

Ndugu mwenyekiti, wazee wetu, kina mama na vijana, assalaam aleikum. Tumsifu Yesu Kristo. Bwana asifiwe.

Nimeombwa nizungumzie katiba katika nchi ya kidemokrasia yenye watu wa mila na dini nyingi. Wasomi wengi wa somo hili huanzia Kanada au India. Mimi naanzia shambani, Newala au Nachingwea, chini ya mikorosho.

Wamakonde, Wamwera, Wayao na Wamakua wana jadi ya kufuata ukoo wa mama. Mtoto ni wa kwa mama yake, na mwenye kauli juu yake ni mjomba. Kwa Wayao, kaka ndiye mlinzi wa dada zake na watoto wao, kundi linaloitwa mbumba. Zamani mwanamume akioa alihamia ukweni, akalima na kujenga huko. Akifariki, alivyoacha vilikwenda kwa ndugu zake wa tumbo moja na kwa wapwa. Enzi za mtama na mashamba ya kuhamahama, utaratibu huo haukuleta ugomvi mkubwa, maana shamba lenyewe liliachwa baada ya misimu michache.

Mkorosho ulibadili hesabu. Unakaa miongo kadhaa, unapaliliwa na baba pamoja na watoto wake, unapuliziwa dawa ya salfa kwa fedha ya familia, na kila msimu unaleta fedha. Baba akifa, watoto wanasema: jasho ni letu. Wapwa wanasema: mali ni ya mjomba wetu. Mjane naye, kama ardhi ni ya ukoo wake, anauliza miti hiyo imesimama kwa nani. Wote watatu wana hoja. Anayedhani kuna mjinga mmoja hapo hajakaa kwenye kikao cha arobaini huku kwetu.

Sasa ongeza dini. Marehemu alikuwa Mwislamu, na wengi wetu wa Lindi na Mtwara ni Waislamu. Kwa fungu la Kiislamu, mjane mwenye watoto anapata thumuni, binti anapata nusu ya fungu la kaka yake, na mtoto wa dada, yule mrithi mkuu wa kimila, hapati kitu watoto wakiwepo. Angekuwa Mkristo aliyeachana na maisha ya kimila, mahakama ingeweza kutumia Sheria ya Mirathi ya India ya mwaka 1865, iliyoletwa na wakoloni Waingereza na ambayo bado inatumika Tanzania Bara: theluthi moja kwa mjane, theluthi mbili kwa watoto sawa kwa sawa, wa kike kwa wa kiume. Msiba ni mmoja, shamba ni moja, sheria ni tatu. Ili kuchagua, mahakama hupima mwenendo wa maisha ya marehemu na nia yake.

Katiba iko wapi hapo? Katiba ya 1977 haikuwa na Hati ya Haki, yaani orodha ya haki za msingi za raia, hadi mabadiliko ya 1984. Ibara ya 13 inakataza ubaguzi, lakini neno "jinsia" liliingizwa humo mwaka 2000 tu. Ibara ya 19 inalinda uhuru wa imani, na ya 24 inalinda haki ya kumiliki mali. Mwaka 1990, hata kabla ya neno lile kuingia, Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu Mwanza aliamua katika shauri la Holaria Pastory kwamba mwanamke wa Kihaya ana haki sawa na mwanamume ya kuuza ardhi ya ukoo aliyorithi. Ilikuwa hukumu ya ujasiri. Lakini mwaka 2006, wajane wawili walipopinga kanuni za mirathi za kimila, Mahakama Kuu ilikubali kwamba zinabagua, kisha ikakataa kuzifuta. Wajane hao wakafika hadi kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia haki za wanawake, ambayo mwaka 2015 iliwapa haki.

Kanuni zenyewe ni tamko la serikali la mwaka 1963. Ziliandikwa kwa ajili ya makabila yanayofuata ukoo wa baba. Sisi wa ukoo wa mama hatumo. Wapo wanaolalamika kwamba Kusini ilisahauliwa hata kwenye jambo hili. Mimi nasema tulinusurika. Mila iliyogandishwa kwenye tamko ikawa kazi kubwa kuigusa. Ya kwetu, kwa kuwa haijaandikwa, inathibitishwa mahakamani kwa ushahidi, na ushahidi unaweza kueleza watu wanavyoishi leo.

Tatizo langu ni nani anaitwa kutoa ushahidi huo. Mara nyingi ni wazee wanaume, wajomba wenyewe wenye maslahi. Naomba tusijidanganye: kufuata ukoo wa mama si sawa na mama kuwa na kauli. Dada wa marehemu, mjane, binti aliyepalilia tangu utotoni, wote ni wenye mila hiyo. Hakimu asipowasikia, anaandika maoni ya mjomba na kuyaita mila ya Wamwera.

Wenzetu wamechagua njia zao. Katiba ya Kenya ya 2010 inatambua mahakama za kadhi na kulegeza kanuni ya usawa kwa Waislamu wanaokubali kwenda huko. Afrika Kusini, katika shauri la Bhe la mwaka 2004, Mahakama ya Katiba ilifuta kanuni ya kumpa urithi mzaliwa wa kwanza wa kiume pekee, ikaonyesha kwamba kanuni ya vitabuni ilikuwa imeganda wakati maisha halisi ya watu yamebadilika. Njia hii ya pili naiona bora zaidi kwetu, kwa sababu inatufundisha kupima mila kwa maisha ya wanaoiishi.

Tayari tuna pa kushika. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999, kifungu cha 20, inabatilisha kanuni yoyote ya kimila inayomnyima mwanamke, mtoto au mwenye ulemavu haki ya kumiliki au kutumia ardhi. Mabaraza ya vijiji ya hapa yanatakiwa kuifuata leo, bila kungoja katiba mpya. Na kwa mahakimu wa mahakama za mwanzo waliomo ukumbini ombi langu ni moja: msifunge ushahidi wa mila kabla hajasimama walau mwanamke mmoja wa ukoo husika, na maneno yake yaandikwe kwenye mwenendo wa shauri kama yanavyoandikwa ya mjomba.