Silikoni na Kinywe: Nani Atabaki Ndani ya Betri?

Mabibi na mabwana, habari za jioni. Wengi humu mna paneli za umeme wa jua juu ya bati, kwa hiyo kwenye paneli sitakaa sana. Huko silikoni, malighafi ya seli za paneli, imeshashinda. Mwaka 1954, kwenye maabara ya Bell Labs, Marekani, watafiti Chapin, Fuller na Pearson walionyesha seli iliyogeuza kama asilimia 6 ya nishati ya jua kuwa umeme. Leo paneli za dukani hupita asilimia 20, na ukomo wa kinadharia wa silikoni peke yake ni kama 29. Nafasi iliyobaki ni ndogo.

Juani, kazi ya silikoni ni kutulia. Mwanga unaipiga, elektroni zinatembea, atomu zenyewe hazihami. Ndiyo maana paneli nzuri hudumu miaka 25.

Kwenye betri hakuna kutulia. Ukichaji, lithiamu inaingia, ukitumia, inatoka. Upande hasi wa betri nyingi za simu na magari ya umeme ni kinywe (grafiti), madini haya haya yanayopatikana Mahenge na Ruangwa. Kinywe kinahitaji atomu 6 za kaboni kushika atomu moja ya lithiamu. Silikoni, atomu 4 zinashika 15! Kwa gramu moja, kinywe kinabeba chaji ya miliampea-saa 372, silikoni karibu 3,600. Ukiishia hapo utamshauri mwenye mgodi wa kinywe afunge.

Usimshauri hivyo. Silikoni ikishiba lithiamu huumuka kama andazi, hadi karibu mara nne ya ukubwa wake. Kinywe huongezeka kama asilimia 10 tu. Lithiamu ikitoka, silikoni inasinyaa. Baada ya mizunguko kadhaa punje zinapasuka. Kila ufa unafungua uso mpya, uso huo unagusana na kimiminika cha betri, unajengeka utando, na utando unakula lithiamu isiyorudi tena. Betri inazeeka mapema.

Mwaka 2008 kundi la Yi Cui, Chuo Kikuu cha Stanford, lilitengeneza nyuzi nyembamba mno za silikoni zenye nafasi ya kuvimbia. Baadaye ikaonekana kwamba punje zisizozidi nanomita 150 hivi (nanomita ni sehemu ya milioni ya milimita) hazipasuki. Vizuri, lakini kadiri punje zinavyokuwa ndogo ndivyo uso wa jumla unavyoongezeka, na utando nao. Unaziba huku, kunavuja kule.

Kwa hiyo viwanda vingi vinachanganya: silikoni au oksaidi yake kidogo, kinywe kingi. Mtu akikuuzia “betri ya silikoni”, muulize kuna silikoni asilimia ngapi ndani.

Kwa wenzangu wa Ruangwa: hofu yangu kwenu siyo silikoni. Mtengenezaji wa betri hanunui kinywe kama kilivyotoka mgodini. Anataka kilichosafishwa hadi asilimia 99.95, punje zake zimeviringishwa, na kwa sehemu kubwa kazi hiyo inafanyika China. Karibuni kwa maswali.