Ng'ambo ya mto Kagera, 1978

Jamani, mnaonijua mnajua naanzia wapi, naanzia ng'ambo ya mto Kagera, upande unaopakana na Uganda. Vita ya Kagera kila mtu anaihesabu kuanzia hotuba ya Mwalimu, uwezo tunao, sababu tunayo, nia tunayo, sawa, lakini hotuba ile ni tarehe 2 Novemba 1978, na watu wa Kakunyu, Minziro, Bunazi walishavamiwa siku kadhaa nyuma, Amin ameshatangaza eneo lote mpaka mtoni ni lake. Kesho yake ya hotuba daraja la Kyaka, la kuvukia mto huo, likalipuliwa. Sasa niambie, mama mwenye watoto wanne na mgonjwa ndani anavukia wapi?

Bibi yangu alikuwa Bunazi. Tarehe hazijui, yeye anasema vita ilitukuta msimu wa senene, wale panzi wa kuliwa. Mtu wa Bukoba ameshaelewa, senene wanafuata mwanga, watu wanakesha na taa wanawakusanya, ila mwaka ule taa ndo ikawa ya kuogopwa, wamelala migombani gizani, mtoto akilia anazibwa mdomo na kanga. Alivuka usiku kwa mtumbwi, mto umejaa mvua. Ng'ombe wote walibaki, hakuwaona tena, na kibanja, shamba la migomba, alichoachiwa na babu alikuja kukikuta pori. Akifika kwenye hao ng'ombe mpaka leo ananyamaza, anaomba maji.

Najua kuna atakayesema, ah, wale walikimbia tu, waliopigana ni wanajeshi na mgambo. Nakataa kabisa! Kumbeba mama mkwe mgongoni toka Kakunyu mpaka mtoni unaitaje? Na mgambo wenyewe si ndo mkulima na karani waliotolewa makwao, jembe wakamwachia nani? Pale Kaboya wanajeshi wetu wamejengewa mnara, vizuri sana, wanastahili, nikipita huwa nashuka. Majina ya raia waliouawa ng'ambo mimi sijayaona yameandikwa popote, na hili nalisema kila mwaka.

Mwanza nilitaka niieleze kirefu, Machi 1979 ndege ya Libya imelenga mji mabomu yakaangukia kisiwa cha Saanane yakaua wanyama, halafu ile miezi 18 ya kufunga mikanda ambayo kila mtu hapa anajua ilivyokuwa, ila naona naonyeshwa saa. Basi, mwenye mzee wa Missenyi, wilaya ya vijiji hivyo, nyumbani akamuulize majina, nani aliuawa, kijiji gani, mtoto wa nani. Daftari ninalo hapa mbele, anayejua hata jina moja aje aandike kabla hatujaenda kula.