Sanduku la Kanda Uvunguni

Wazee wangu, shikamooni. Vijana, hamjambo? Marehemu baba alikuwa mwigizaji, na wengi hapa Bagamoyo mnaijua sura yake kuliko mnavyonijua mimi.

Arobaini yake ilipopita, mama alivuta sanduku uvunguni mwa kitanda. Ndani, kanda za video za filamu zake. Hewa ya pwani mnaijua: nyingi zilishaota ukungu mweupe. Moja tuliiona safi, tukaitia kwenye deki kwa furaha. Ikatoka harusi ya binamu yetu. Kuna mtu aliirekodi juu ya filamu ya baba, ikafutika. Mama aliinuka, akaenda zake jikoni, hakusema neno.

Nasi tukaongeza kosa: tukazitia na zile zenye ukungu. Jamani, msifanye hivyo! Ukungu hubaki kwenye deki, ukahamia kanda inayofuata, na utepe wenyewe hunata ukakatika. Zitengeni, zisimamisheni wima pakavu, kisha atafutwe fundi wa kuzisafisha na kuzihamishia kwenye kompyuta. Nakala moja ikae nyumba nyingine kabisa.

Filamu moja nilijua ilipo, nikamwendea aliyeitengeneza kudai haki ya baba. Akaniuliza swali moja tu: “Una karatasi gani?” Sikuwa nayo. Nilirudi nimejaa hasira, lakini swali lake lilikuwa la haki.

Sikilizeni kisa cha mwigizaji Bela Lugosi, aliyecheza Dracula, yule mnyonya damu wa hadithi, katika filamu ya Marekani ya mwaka 1931. Alifariki 1956. Mjane wake na mwanawe mwanasheria walikwenda mahakamani kwa sababu studio ilikuwa inauza ruhusa ya kutumia sura ya marehemu kwenye bidhaa. Mwaka 1979 Mahakama ya Juu ya California ikawaambia: haki ya kuichumia sura yake ilikuwa yake alipokuwa hai, hairithiwi. Ilibidi itungwe sheria, ikaanza 1985, ndipo warithi wakapata haki hiyo kule. Mtoto wa mtu maarufu kiasi hicho, tena anayeijua sheria, alishindwa. Sisi tunaodhani jina la ukoo linatosha, je?

Kwetu ipo Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999. Hapo mwigizaji yumo kwenye hakishiriki, yaani haki za wanaoigiza au kurekodi kazi, ila aliachia nini na alibakiza nini, utayakuta kwenye mkataba. Basi kama mzazi wako yu hai, kaa naye leo umuulize mikataba iko wapi. Si uchuro. Mimi niliona haya kumuuliza baba, na haya hiyo ndiyo iliyonipeleka kwa yule bwana mikono mitupu.

Kilichobaki nimekipata kwa watu. Mzee aliyekuwa akiwashikia waigizaji taa wakati wa kurekodi filamu amekaa pale, mstari wa pili. Kila Jumamosi nampelekea picha za baba. Yeye hunitajia kila aliyesimama humo, nami naandika nyuma ya picha kwa penseli, maana wino hupenya. Wiki iliyopita tulifika picha ya arobaini na moja.